Jua Lisilohisika: Kwa Nini Ukali wa Jua Hubadilika, na Kivuli Chako Kinavyoweza Kuupima

Mwezi wa Julai, mkoani Njombe, watu hutoka asubuhi wakiwa wamejifunika makoti. Ukungu hutanda juu ya mashamba ya chai, baridi hupenya hadi kwenye mifupa, na jua linapochungulia mchana hupokewa kama mgeni aliyengojewa. Wanafunzi hukaa uwanjani wakilifurahia, na hapana mzazi anayekumbuka kofia, maana kofia katika baridi kama ile huonekana jambo la kuchekesha. Jioni mtoto mwenye ualbino aliyekuwa miongoni mwao hurejea nyumbani shingo na midomo ikiwa imeiva. Usiku ngozi huanza kuwaka. Wazazi hubaki wakiulizana: jua lenyewe lilikuwa wapi?

Makala haya yanajibu swali hilo, kwa sababu jibu lake linawahusu watu wengi kuliko wazazi wa mtoto yule. Linamhusu mchuuzi anayeshinda chini ya mwavuli, dereva anayeegemeza mkono dirishani, mvuvi, mpagazi wa Mlima Kilimanjaro, na kila mlaji anayesimama mbele ya meza ya miwani akijiuliza kama bei inalingana na kinga.

Jua hutuletea vitu vitatu kwa pamoja: nuru tunayoiona, joto tunalolihisi, na mionzi ya urujuanimno ambayo jicho haliioni wala ngozi haiihisi inapoingia. Hii ya tatu ndiyo inayounguza ngozi, inayoizeesha kabla ya wakati, inayochangia saratani ya ngozi na mtoto wa jicho. Watu wengi hukadiria ukali wa jua kwa jasho au kwa kukunja uso. Vipimo hivyo viwili havina budi kudanganya, kwa kuwa nuru, joto na urujuanimno havipandi wala kushuka kwa mwendo mmoja.

Mwale unapoinama

Chukua tochi usiku, uimulike sakafu ukiwa umeielekeza chini moja kwa moja. Utaona duara dogo lenye mwanga mkali. Sasa iinamishe. Duara linarefuka, linapanuka na kufifia, ingawa tochi ni ile ile na betri ni zile zile. Ndivyo lilivyo jua. Likiwa utosini, nguvu yake yote huangukia eneo dogo. Likishuka hadi nyuzi 30 juu ya upeo wa macho, nguvu ile ile husambaa katika eneo lenye ukubwa mara mbili.

Hilo ni nusu tu ya maelezo. Mwale ulioinama husafiri katika hewa kwa njia ndefu zaidi. Katika nyuzi 30 hupita katika hewa iliyo mara mbili ya ile ya utosini. Nuru ya kawaida huivuka hewa hiyo bila kupoteza sana. Urujuanimno hauna bahati hiyo. Tabaka la ozoni, lililo juu sana angani, humeza sehemu kubwa ya mionzi inayounguza, na chembe za hewa huitawanya huku na huko, kama zinavyoitawanya nuru ya buluu na kulifanya anga kuwa na rangi tuijuayo. Kadiri njia inavyorefuka, ndivyo mionzi inavyozidi kupungua. Kwa sababu hiyo, jua linapokuwa katika nyuzi 30 nuru inayoifikia ardhi huwa imepungua kwa nusu au zaidi kidogo, ilhali mionzi inayounguza hubaki karibu moja ya tano tu ya ile ya utosini. Saa kumi na moja jioni macho bado huona mchana mweupe, lakini makali yameshakwisha. Adhuhuri mambo hugeuka: nuru huonekana kama imeongezeka kiasi tu, huku makali yakiwa yamepanda mara kadhaa.

Sisi tunaokaa karibu na ikweta tuna sababu mbili za ziada za kuwa waangalifu. Kwanza, jua hupita utosini mwetu mara mbili kwa mwaka. Dar es Salaam hupita mwanzoni mwa Machi na tena karibu na tarehe 10 Oktoba. Pili, tabaka la ozoni juu ya nchi za tropiki kwa kawaida ni jembamba kuliko lilivyo juu ya Ulaya. Watu hupenda kutaja pia umbali wa dunia na jua. Ni kweli kwamba mwanzoni mwa Januari dunia huwa karibu na jua, takribani kilomita milioni 147, na mwanzoni mwa Julai huwa mbali, takribani kilomita milioni 152. Tofauti hiyo huleta badiliko la kama asilimia 7 katika nguvu ya jua, kiasi kidogo mno ukilinganisha na badiliko linalotokea kila siku kati ya asubuhi na adhuhuri.

Saa sita ya ukutani na saa sita ya jua

Mashauri mengi ya afya husema: jihadhari na jua la kuanzia saa nne asubuhi hadi saa nane mchana. Ushauri huo ni mwema, ila huchukulia kwamba jua hufika kileleni saa sita kamili. Nchini Tanzania halifanyi hivyo karibu popote. Saa zetu hufuata mstari wa longitudo ya nyuzi 45 mashariki, mstari unaopita nje ya nchi yetu, upande wa mashariki. Jua huchelewa dakika nne kwa kila nyuzi moja tunayosogea magharibi. Dar es Salaam, kwa wastani, jua hufika kileleni saa 6:23. Dodoma, karibu saa 6:37. Mwanza, karibu saa 6:48. Kigoma hufika kileleni saa 7:00 mchana, na katika Februari huchelewa hata kupita saa 7:15.

Jambo hili si la wataalamu wa ramani peke yao. Mwalimu wa Kigoma anayewatoa wanafunzi uwanjani saa nane kamili, akiamini kwamba hatari imepita, huwatoa saa moja tu baada ya kilele, sawa na kuwatoa saa saba na dakika ishirini na kitu jijini Dar es Salaam. Anayefuata saa ya ukutani bila kuangalia juu huweza kukosea kwa muda wa kipindi kizima cha darasa.

Kipimo kisichohitaji betri

Kipo kipimo kisichohitaji saa wala ramani, nacho hufuata kila mtu aendako. Ni kivuli chake. Wenyeji wa pwani hawana haja ya kufundishwa jambo hili, kwani wakati wa sala ya alasiri umejulikana tangu zamani kwa kutazama kivuli cha kitu kinaporefuka kwa kiasi cha urefu wa kitu chenyewe, juu ya kile kilichokuwapo adhuhuri. Kanuni ya kujikinga na jua ni nyepesi kuliko hiyo. Simama wima mahali palipo tambarare. Kivuli chako kikiwa kifupi kuliko wewe, jua lipo juu ya nyuzi 45, na mionzi inayounguza ina nguvu ya kutosha kukudhuru: tafuta kivuli cha kujisitiri. Kivuli chako kikiwa kirefu kuliko wewe, makali yameshuka hadi chini ya nusu ya yale ya jua la utosini.

Jijini Dar es Salaam, katika Oktoba, kivuli huwa kifupi kuliko mtu kuanzia kama saa 3:10 asubuhi hadi saa 9:10 alasiri, yaani muda wa saa sita nzima. Katika Juni muda huo hupungua na kuwa kati ya saa 4:10 asubuhi na saa 8:40 mchana. Huko Kigoma, mwanzoni mwa Machi, kivuli hubaki kifupi hadi baada ya saa kumi alasiri. Hakuna jedwali moja linaloweza kusema haya yote kwa kila mji na kila mwezi, kivuli husema.

Wenye simu zenye taarifa za hali ya hewa wataona pia tarakimu iliyoandikwa karibu na herufi UV. Hicho ni kielezo cha urujuanimno kinachotumiwa na Shirika la Afya Duniani na Shirika la Hali ya Hewa Duniani. Namba 1 na 2 ni hafifu. Kuanzia 3 kinga inahitajika. 8 hadi 10 ni kali sana. 11 na kuendelea ni kali kupindukia. Namba zinazoshtua watu wa Ulaya ni za kawaida kwetu.

Mambo yanayodanganya

La kwanza ni ubaridi. Turudi Njombe. Mji huo umeinuka kwa karibu mita 2,000 juu ya usawa wa bahari, na kila mita 1,000 za mwinuko huongeza urujuanimno kwa takribani asilimia 10 hadi 12, kwa kuwa hewa ya kuuchuja imepungua. Mchana wa Julai jua la Njombe hufikia nyuzi 59 hivi, na kivuli cha mtu ni zaidi kidogo ya nusu ya kimo chake. Kile ambacho jua limekipoteza kwa kuinama, sehemu yake kubwa hurudishwa na mwinuko. Ubaridi wa hewa hauondoi chochote. Tena huongeza hatari kwa namna yake, maana joto lingemfukuza mtoto uwanjani, bali ubaridi humwalika aendelee kukaa. Wekundu na maumivu ya kuungua huchelewa kwa saa kadhaa, hivyo mwili hautoi onyo kwa wakati.

Joto nalo lina saa zake. Ardhi na hewa huchukua muda kupata moto, ndiyo maana aghalabu saa nane au tisa huwa na fukuto kuliko saa sita na nusu. Mtu anayengoja fukuto ndipo ajifunike huwa amechelewa.

Mawingu yanahitaji maelezo marefu kidogo. Wingu zito jeusi la masika hupunguza mionzi sana. Wingu jembamba, jeupe, lililotandazwa kama shashi, huipitisha zaidi ya asilimia 90, huku likiondoa ule mchomo tunaouhisi usoni. Na mawingu yaliyokatikakatika, meupe kama pamba, huweza kufanya lisilotarajiwa: jua linapochomoza katika pengo, kingo za mawingu hurudisha nuru ya ziada, na kwa dakika chache ardhi hupata nguvu inayozidi ile ya anga lisilo na wingu hata moja. Wenye paneli za umeme wa jua wamewahi kuliona jambo hili, pale mita inapopanda ghafla na kushuka tena.

Kisha kuna kivuli chenyewe. Sehemu kubwa ya mionzi inayounguza, inayokaribia nusu, haitoki kwenye duara la jua bali hutoka anganikote ikiwa imetawanywa na hewa. Mwavuli wa mchuuzi huzuia duara la jua, lakini kama akikaa chini yake na kuliona anga pande zote, anga nalo linamwona. Swali la kujiuliza ukiwa kivulini ni hili: ninaona anga kiasi gani? Mwembe mkubwa wenye majani mazito, au banda la makuti lenye paa lililoshuka, hukinga vyema. Mnazi mmoja peke yake ufukweni ni pambo tu.

Ardhi hurudisha mionzi kwa viwango vinavyotofautiana. Nyasi hurudisha kidogo, chini ya asilimia 10. Mchanga mkavu wa pwani kama asilimia 15. Povu la mawimbi kama asilimia 25. Theluji mpya hurudisha hadi asilimia 80, na hapo ndipo wapagazi na waongozaji wa Kilimanjaro wanapostahili kukumbukwa: karibu na kilele chenye mita 5,895 hupigwa na jua kutoka juu na kutoka chini, na macho yasiyo na miwani huweza kuvimba na kushindwa kuona kwa muda. Kuwa ndani ya maji pia si kinga. Nusu mita chini ya uso wa maji, bado zipo kama asilimia 40 za mionzi iliyopo juu.

Vioo vya dirisha huzuia karibu mionzi yote inayounguza haraka, lakini huacha ipite sehemu kubwa ya ile inayoingia ndani zaidi ya ngozi na kuizeesha. Kioo cha mbele cha gari huwa na utando katikati na hukinga vizuri. Vya pembeni aghalabu havina. Dereva wa safari ndefu na avae shati la mikono mirefu.

Unaponunua

Ngozi nyeusi ina kinga yake ya asili, nayo ni ya thamani. Haimaanishi kwamba macho yake nayo yana kinga hiyo. Mtoto wa jicho, na kile kinyama kinachoota juu ya weupe wa jicho na kusogea kuelekea mboni, humpata mtu wa rangi yoyote. Kwa hiyo tuanze na miwani.

Weusi wa kioo cha miwani si kipimo cha kinga. Rangi hupunguza nuru. Kinachozuia urujuanimno ni kemikali au utando ambao hauonekani. Kioo cheusi kisichokuwa na kinga hiyo ni kibaya kuliko kutovaa miwani, kwa sababu mboni hupanuka ikidhani kwamba ni giza, na mionzi huingia kwa wingi zaidi. Tafuta maandishi UV400 au asilimia 100 za kinga ya UV. Kwa kuwa maandishi huweza kubandikwa na yeyote, nunua mahali ambapo utapewa risiti. Baadhi ya maduka ya miwani yana kifaa kidogo cha kupima kioo kwa muda mfupi, na si aibu kuomba miwani uliyonayo ipimwe. Bei kubwa aghalabu hulipia fremu na jina. Vioo vyeusi kupindukia, vya daraja la 4, havifai kuendeshea gari.

Kofia ya pama yenye ukingo wa sentimita 7 au zaidi hufunika uso, masikio na shingo. Kapelo hufunika paji la uso tu, na kwa mtoto mwenye ualbino masikio na kisogo ndivyo vinavyoumia kwanza. Ipime nguo kwa kuinua kitambaa kuelekea kwenye mwanga: ukiona vidole vyako kupitia kitambaa hicho, mionzi nayo inapita. Kitenge kilichofumwa kwa kubana hushinda fulana nyeupe nyembamba, hasa fulana hiyo ikilowa.

Mafuta ya kukinga jua huja mwisho, baada ya kivuli na nguo, wala hayachukui nafasi yake. Namba ya SPF haipandi kama watu wanavyodhani. SPF 15 huzuia kama asilimia 93 za mionzi inayounguza, SPF 30 kama asilimia 97, SPF 50 kama asilimia 98. Anayelipa bei maradufu kwa ajili ya namba 100 hupata nyongeza ndogo sana. Kinachopungua zaidi ni kiasi cha kupaka. Namba hizo hupimwa kwa mafuta mengi, kijiko kimoja cha chai kwa uso na shingo, na karibu mililita 35 kwa mwili mzima wa mtu mzima, yaani chupa ya mililita 100 humalizika kwa kupaka mara tatu. Anayepaka nusu yake hapati nusu ya kinga. Hupata pungufu zaidi. Paka kabla ya kutoka, rudia kila baada ya saa mbili, na rudia tena baada ya kutoka jasho au kuoga. Hakikisha chupa inataja pia kinga ya UVA, kwa kuwa SPF peke yake hupima kuungua tu.

Kwa familia yenye mtu mwenye ualbino gharama hii ni nzito, na ni haki kuisema wazi. Uliza katika kliniki ya ngozi ya hospitali ya mkoa au ya rufaa kabla ya kununua dukani. Moshi, katika kituo cha mafunzo ya magonjwa ya ngozi kilichopo KCMC, yamekuwa yakitengenezwa mafuta maalumu kwa ajili ya watu wenye ualbino.

Kuna bidhaa nyingine inayouzwa kwa ajili ya ngozi hiyo hiyo na kufanya kinyume chake. Mkorogo na krimu za kujichubua zenye haidrokwinoni au zebaki, ambazo zimepigwa marufuku nchini, huiondolea ngozi rangi yake, na rangi hiyo ndiyo mwavuli wa kuzaliwa nao. Anayejichubua na kutembea juani hulipa fedha ili aungue.

Usimamizi wa vipodozi upo chini ya Shirika la Viwango Tanzania (TBS) tangu 2019. Unaponunua mafuta, soma tarehe ya mwisho wa matumizi na jina la mtengenezaji, na uyakatae yaliyopangwa juani kwenye meza ya barabarani, maana joto huiharibu dawa iliyomo. Hata nyumbani, chupa iliyoachwa ndani ya gari lililoegeshwa juani, au mafuta yaliyojitenga na kuwa maji upande mmoja, yasipakwe mtoto.